Msimlaumu Hattie McDaniel, mlaumuni aliyepanga viti

Mwanamke mweusi wa kwanza kushinda tuzo ya Oscar alishinda kwa kuigiza mtu asiye na jina. Filamu ya Gone with the Wind inakaribia saa nne, na ndani yake mabwana na mabibi wote wana majina yao na ya koo zao. Hata shamba lina jina, linaitwa Tara. Lakini yule mtumishi anayemkaza binti wa nyumba kamba za nguo, anayemkaripia, anayemlazimisha ale kabla ya kwenda karamuni ili asionekane mlafi mbele za watu, yeye ni Mammy tu. Mwenyewe anasema ndani ya filamu kwamba amewafunga nepi watoto wa kike wa vizazi vitatu vya familia ile. Vizazi vitatu, na hakuna aliyewahi kumuuliza mama yake alimpa jina gani.

Aliyemwigiza alikuwa na jina, tena alilipigania: Hattie McDaniel. Tangu usiku ule wa tarehe 29 Februari 1940 alipopewa tuzo, ubishi juu yake haujapoa. Kila msimu wa Oscar ukikaribia, wapo wanaomtaja kama mama wa waigizaji weusi wote, na wapo wanaosema aliwauza wenzake kwa kukubali kuvaa aproni na kuchekesha wazungu. Juzi nimemsikia kijana mmoja msomi wa filamu, hapa hapa mjini kwetu, akisema mbele ya darasa kwamba wanawake wa aina ya Hattie "walijidhalilisha kwa hiari". Darasa likatikisa vichwa kukubali. Nimeona nisinyamaze.

Sisemi haya kama mtu wa pembeni. Nimekula jasho la uigizaji kwa miaka mingi Dar es Salaam, nikianzia kwenye michezo ya redio, nikapanda jukwaani, nikaja kuishia kwenye filamu zetu zilizokuwa zikiuzwa kwa kanda na baadaye kwa sidii pale Kariakoo. Mwili wangu ni mkubwa, sauti yangu nzito, na mtayarishaji mmoja aliwahi kuniambia bila kupepesa macho kwamba nina "uso wa jikoni". Basi nikawa beki tatu wa kudumu. Nimefua, nimedeki, nimesonga ugali wa kamera usioliwa na mtu, nimeitika "abee mama" mpaka ikaanza kunitoka nikiitwa na wanangu mwenyewe. Kwenye skripti wenzangu waliandikwa Vanessa, Jacqueline, Bosi Richard. Mimi niliandikwa DADA. Siku moja nikamuuliza mwongozaji, "Mwanangu, huyu dada anaitwa nani?" Akacheka. "Mama, we igiza tu. Nani atajali?"

Kwa hiyo nikisikia mtu anamhukumu Hattie McDaniel, nasikiliza kwa makini kujua kama anajua anachokisema.

Hattie alizaliwa mwaka 1893 katika mji wa Wichita, jimbo la Kansas, kitinda mimba wa watoto kumi na watatu. Baba yake Henry na mama yake Susan walizaliwa utumwani. Henry alipigana upande wa Kaskazini katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, akatoka na majeraha yaliyomsumbua maisha yake yote, na akahangaika miaka mingi kudai pensheni ya mwanajeshi. Familia ilihamia Colorado, na Denver ndiko binti alikokulia. Mama alikuwa mwimbaji wa nyimbo za dini. Watoto nao wakaingia kwenye uimbaji na maigizo: kaka yake Otis alikuwa na kikundi chake, na baadaye Hattie na dada yake Etta wakaunda cha kwao, cha wanawake watupu.

Hapa kuna jambo ambalo wakosoaji hulipita mbiombio. Mwandishi wa wasifu wake, Jill Watts, anaeleza kwamba katika maonyesho hayo ya Denver, mbele ya watazamaji weusi, Hattie alikuwa akimwigiza yule mtumishi aliyebuniwa na wazungu ili kumfanyia stihizai. Alimtia chumvi mpaka watu wakaona wazi kwamba kiumbe kile ni uzushi wa mabwana. Maana yake ni kwamba, miaka mingi kabla Hollywood haijamjua, mwanamke huyu alikwishalifahamu vazi lile ni vazi, na alijua nani alilishona.

Miaka ya 1920 aliimba na bendi ya Mwalimu George Morrison, akasikika redioni Denver, akarekodi nyimbo za blues, nyingine za kutunga mwenyewe. Kisha uchumi ukaporomoka mwaka 1929. Hattie akajikuta Milwaukee hana kazi, na kazi aliyoipata ilikuwa ya kuhudumia maliwato ya wanawake katika klabu ya usiku ya wazungu. Mwimbaji mwenye sahani za santuri zenye jina lake, anasimama chooni kumpa mtu taulo ya kufutia mikono. Mwenye klabu alisita kumpandisha jukwaani, lakini mwishowe alimruhusu, na alipoimba wateja hawakutaka ashuke. Akawa mwimbaji wa pale.

Mwaka 1931 alihamia Los Angeles, ambako kaka yake Sam na dada zake walikuwa wametangulia. Sam alikuwa na kipindi redioni, akamwingiza. Humo Hattie aliigiza mtumishi mwenye kiburi anayesahau kwamba yeye ni mtumishi, na wasikilizaji wakampenda. Malipo yalikuwa kiduchu, hivyo akitoka studio kumwigiza mtumishi alikwenda kufua na kusafisha nyumba za watu kweli. Nawaomba wasomi wetu waisome sentensi hiyo mara mbili. Anayesema "angekataa" aeleze angekataa aende wapi. Mlango wa pili haukuwepo; uliokuwepo ulikuwa wa maliwato.

Filamu zikaanza kumjia kidogo kidogo, nyingi bila jina lake kuandikwa. Mwaka 1934 aliigiza katika Judge Priest pamoja na Will Rogers, na mwaka 1935 ikaja Alice Adams, ambayo nyota wake alikuwa Katharine Hepburn. Anayetaka kujua uigizaji ni nini aitafute sehemu ya chakula cha jioni katika filamu hiyo. Familia ya hali ya chini inajikakamua kumkaribisha kijana wa kitajiri, imekodi mtumishi wa siku moja ili nayo ionekane ni ya watu. Usiku ni wa joto linaloyeyusha, lakini mezani inakuja supu ya moto. Hattie ndiye Malena, yule wa kukodi. Kofia ya utumishi inamporomoka usoni, taya zinatafuna taratibu, miguu inaburuta. Haharakishwi na mtu. Hasemi maneno ya kukumbukwa, lakini kila akiingia na sahani, kipande kimoja cha uongo wa familia kinadondoka. Mama mwenye nyumba anatabasamu kwa uchungu, binti anaongea haraka haraka kuziba aibu, na Malena anawatazama wote kwa macho ya mtu anayelipwa kwa siku na anayejua saa ya kuondoka. Hepburn ni mwigizaji mkubwa, sibishi. Katika meza ile, jicho langu humfuata anayebeba sahani.

Huyo ndiye anayeambiwa alijidhalilisha. Mimi naona mtu aliyepewa nafasi ya kuchekwa akaigeuza ya kuwacheka.

Filamu ya Gone with the Wind ilipotangazwa, nafasi ya Mammy iligombaniwa. Mke wa rais, Eleanor Roosevelt, alimpendekeza mtumishi wa Ikulu ya Marekani, Elizabeth McDuffie, naye akafanyiwa majaribio kweli. Hattie ndiye aliyepata. Kitabu cha Margaret Mitchell kilichozaa filamu hiyo kinausifu utumwa kama zama za adabu na upendo, na filamu nayo inafuata njia hiyo hiyo. Magazeti ya weusi na chama cha kutetea haki zao, NAACP, yalipiga kelele mapema, na mtayarishaji David O. Selznick akaliondoa kwenye skripti lile tusi kubwa wanaloitwa weusi Marekani. Filamu ikabaki na sura yake. Sitaitetea. Ni filamu inayomlilia bwana aliyepoteza watumwa.

Lakini ndani yake kuna ngazi. Bonnie, mtoto wa yule binti wa nyumba, amekufa kwa kuanguka na farasi wake mdogo. Melanie, rafiki wa familia, amekuja kuwafariji wafiwa, Mammy anampokea, wanapanda pamoja kwenda juu na kamera inawafuata. Huku anapanda, Mammy anasimulia: jinsi Rhett, baba wa mtoto, alivyompiga risasi yule farasi, jinsi mke na mume walivyotupiana maneno ambayo hayafutiki, jinsi baba alivyojifungia chumbani na maiti na kukataa isizikwe kwa sababu mtoto alikuwa anaogopa giza. Anafuta machozi, anapanda, sauti inamkatika, anaikusanya tena, anapanda. Huzuni yote ya familia ile tunaipata kutoka kinywani mwake. Ninyi mnaosema ni kazi rahisi, jaribuni kupanda ngazi na mwili mzito huku mnalia kweli, na kila neno lisikike.

Uzinduzi ulifanyika Atlanta tarehe 15 Desemba 1939. Jimbo la Georgia lilikuwa na sheria za ubaguzi, na waigizaji weusi hawakuwemo kwenye msafara. Kwenye kijitabu cha kumbukumbu kilichouzwa kule Kusini, picha ya Hattie iliondolewa. Inasimuliwa kwamba Clark Gable, nyota wa filamu hiyo, alitaka kugoma kwa ajili yake, na Hattie mwenyewe akamsihi aende. Usiku wa kuamkia uzinduzi ilifanyika dansi ya mabwana wa mji, na kwaya ya kanisa la Ebenezer ililetwa kuwaburudisha ikiwa imevalishwa kama watumwa wa shambani. Kati ya watoto wa kwaya ile alikuwemo mvulana wa miaka kumi, mtoto wa mchungaji. Jina lake Martin Luther King. Sijawahi kumsikia mtu akisema King alijidhalilisha kwa hiari usiku ule. Tunasema alikuwa mtoto, alipangwa. Basi tuulize pia nani alimpanga Hattie.

Tuzo zilitolewa katika ukumbi wa Cocoanut Grove, hoteli ya Ambassador, Los Angeles. Hoteli haikuwa ikipokea weusi. Ilibidi Selznick aombe kibali maalumu ili mwigizaji aliyependekezwa kupewa tuzo aruhusiwe kuingia kwenye sherehe ya tuzo hiyo. Alipoingia, hakuketishwa na wenzake wa filamu. Aliwekewa meza ndogo kando, ukutani, yeye na aliyemsindikiza pamoja na wakala wake mzungu. Alivaa gauni la rangi ya feruzi lenye vito vya kumetameta, na maua meupe ya gardenia. Mwigizaji Fay Bainter, aliyekuwa akitoa tuzo, alipotaja jina lake, ilimbidi atoke kule ukutani avuke ukumbi mzima. Miongoni mwa aliowashinda katika kundi hilo la waigizaji wasaidizi alikuwemo Olivia de Havilland, yule Melanie wa kwenye ngazi. Alisema kwa kifupi kwamba anatumaini atakuwa fahari kwa watu wa rangi yake na kwa tasnia ya filamu, akashindwa kujizuia kulia. Alichokabidhiwa kilikuwa kibao kidogo, kwa kuwa miaka ile waigizaji wasaidizi hawakupewa sanamu nzima. Kisha akarudi kukaa kule kule ukutani.

Nimesema tangu mwanzo kwamba nina upande, lakini sitawaziba midomo wa upande wa pili. Katibu mkuu wa NAACP, Walter White, alikwenda Hollywood mwaka 1942 kuzungumza na wakuu wa studio. Hoja yake ilikuwa nzito: mamilioni ya Wamarekani weupe hawakuwa na jirani mweusi, walichojua kuhusu weusi walikijua kwenye sinema, na sinema ilikuwa ikiwaonyesha wapishi, wapagazi na wacheza ngoma wanaofurahia utumwa. Picha hizo zilikuwa na madhara kwa watu walionyimwa kura na walionyongwa mitini. White alisema kweli. Hattie naye hakuwa malaika. Alikubali kuigiza katika Song of the South mwaka 1946, filamu nyingine ya kuyapamba maisha ya kale ya shamba, na aliwajibu wakosoaji wake kwa hasira iliyomfanya asisikie palipokuwa na ukweli. Inasemekana jibu lake lilikuwa kwamba ni afadhali alipwe dola 700 kwa wiki kumwigiza mtumishi kuliko dola 7 kwa wiki kuwa mtumishi. Ni jibu la mtu aliyewahi kulipwa hizo 7, na mimi nalielewa kwa tumbo langu. Lakini halijibu swali la White.

Kosa la White lilikuwa la anwani. Barua ilikuwa ya kweli, akaipeleka nyumba isiyo yake. Waigizaji hawakuandika skripti, hawakuwa na studio, hawakuchagua nani apewe kazi. White alikutana na wakuu wa studio bila kuwashirikisha waigizaji wenyewe, kisha lawama zikawashukia waigizaji. Sura alizozipendelea yeye zilikuwa za akina Lena Horne, wembamba wa rangi nyepesi, na wanawake weusi tii wenye miili mikubwa wakaona wanaambiwa wafiche nyuso zao kwa faida ya umma. Kwa hiyo Hattie alikuwa amefukuzwa mara mbili: wazungu walimweka ukutani, na wakubwa wa kwao wakamwambia hata pale ukutani anawatia aibu. Wahenga wamesema mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Huyu alinyongwa na pande zote, na haki yake bado tunadaiwa.

Haki yake ipo kwenye mambo mawili aliyoyafanya alipopata nguvu kidogo. La kwanza ni mkataba. Mwaka 1947 alichukua nafasi ya Beulah katika kipindi cha redio kilichobeba jina hilo, na akawa mwanamke mweusi wa kwanza kuwa nyota wa kipindi chake cha vichekesho kwenye redio ya taifa zima. Kabla yake Beulah aliigizwa na mwanamume, tena mzungu. Hattie alianza kwa dola 1,000 kwa wiki, na kwenye mkataba alitaka mambo yaandikwe: kwamba hatazungumza ile lahaja ya kukejeli ambayo watumishi weusi walilazimishwa kuitamka, na kwamba ana haki ya kubadili maneno asiyoyakubali. Beulah bado alikuwa mtumishi wa ndani, lakini alikuwa na jina, na aliyemsemea alikuwa na kalamu mkononi.

La pili ni nyumba. Mwanzoni mwa miaka ya 1940 alinunua jumba la vyumba kumi na saba katika eneo la West Adams, Los Angeles, kwenye kilima ambacho wenyeji wake walikiita Sugar Hill. Waigizaji wenzake Ethel Waters na Louise Beavers walikuwa majirani zake. Hati za nyumba nyingi za kule zilikuwa na sharti kwamba zisiuzwe wala kukaliwa na mtu asiye mzungu, na baadhi ya majirani weupe wakawapeleka mahakamani ili waondolewe. Hattie alikuwa miongoni mwa waliowakusanya wenzake kupanga utetezi, na wakili wao alikuwa Loren Miller. Desemba 1945 Jaji Thurmond Clarke aliitupilia mbali kesi, akisema wakati umefika weusi wapewe haki kamili chini ya Marekebisho ya 14 ya Katiba. Miller huyo huyo alikuwa miongoni mwa mawakili waliofika Mahakama Kuu ya Marekani, ambayo mwaka 1948, katika kesi ya Shelley dhidi ya Kraemer, iliamua kwamba mahakama haziwezi kutumika kutekeleza masharti kama yale. Yule aliyeitwa kibaraka wa wazungu alisimama mahakamani na wazungu, akashinda, na familia nyingi zisizojua hata sura yake zikapata pa kuishi. Pesa iliyonunua nyumba ile ilitoka kwenye aproni.

Alifariki kwa saratani ya matiti tarehe 26 Oktoba 1952. Alikuwa ameomba azikwe kwenye makaburi ya Hollywood, na maua ya gardenia yawepo. Makaburi yakamkataa, yalikuwa ya weupe. Akazikwa Rosedale. Mali aliyoiacha haikutosha hata kulipa deni la kodi. Kile kibao cha Oscar alikiusia Chuo Kikuu cha Howard, na huko kikapotea miaka mingi. Oktoba 2023 ndipo wenye tuzo walipokipa chuo hicho kibao kingine badala yake. Mwaka 1999 makaburi ya Hollywood yalimjengea mnara wa kumbukumbu, miaka 47 baada ya kumfungia geti. Wakubwa wana kawaida ya kuomba radhi pale ambapo muombwa radhi hawezi tena kujibu.

Msiseme hayo yamepita. Mwanamke mweusi wa pili kupata Oscar ya uigizaji, Whoopi Goldberg, alisubiriwa mpaka mwaka 1991. Mwaka 2012 Octavia Spencer aliipata tuzo ile ile ya Hattie kwa kuigiza mtumishi wa ndani katika The Help, na mwenzake Viola Davis, aliyeigiza mtumishi pia, alikuja kusema baadaye kwamba anajutia filamu ile, kwa kuwa mwishowe sauti iliyosikika haikuwa ya watumishi. Na mwaka 2014 tulisherehekea Afrika Mashariki nzima Lupita Nyong'o, binti wa Kenya, alipoichukua tuzo ile ile kwa kuigiza Patsey, mtumwa wa shamba la pamba. Nilishangilia mpaka jirani akagonga ukuta. Patsey alikuwa mtu wa kweli, mwenye jina, na filamu ile, 12 Years a Slave, iliuonyesha utumwa kama ulivyokuwa, mijeledi na yote. Hiyo ndiyo tofauti ninayoitaka watu waione. Lupita aliigiza mtumwa na hakuna aliyemwita msaliti, maana safari hii aliyeshika kalamu na aliyeongoza filamu walikuwa watu weusi, John Ridley na Steve McQueen. Nafasi ni ya chini vile vile. Waliobadilika ni waliokaa nyuma ya kamera.

Sasa turudi nyumbani, maana huko Marekani wenyewe wamejaa. Filamu na tamthilia zetu zimejaa dada wa kazi. Ni mchawi, ni mwizi, ni mnyang'anyi wa waume, au ni bubu wa kuleta juisi. Tunamcheka jioni kwenye televisheni, na yule wa kweli anaosha vyombo nyuma yetu huku anasikia tunavyomcheka. Katika nchi ambayo maelfu ya wasichana kutoka Iringa, Singida na Dodoma wameziinua nyumba za wengine, kuna visa vya kutosha kuandika filamu mia. Hatuviandiki kwa sababu anayeandika ni bosi wake.

Kwa hiyo, kijana wangu msomi, na wewe mwongozaji, acheni kumpima mwigizaji kwa aproni aliyovaa. Mpimeni mwandishi kwa alichokiandika, mtayarishaji kwa alicholipa, na kila mmoja wenu kwa viti mnavyopanga wakati wa chakula kwenye eneo la kurekodia, maana hata hapa kwetu nimewahi kuambiwa nikale jikoni na wapishi "ili nyota wapumue".

Na wewe binti unayeanza, utakayepigiwa simu kesho uambiwe kuna nafasi ya beki tatu: ichukue kama ni nzuri, kazi ya mikono haina aibu. Lakini kabla ya kusaini omba kusoma skripti yote. Uliza mhusika wako anaitwa nani na anataka nini maishani mwake. Omba iandikwe kwamba neno la kukutukana wewe na ukoo wako unaweza kulikataa. Hattie McDaniel aliliandikisha hilo mwaka 1947, mtoto wa watu waliozaliwa utumwani. Wewe huna kisingizio, na anayekuajiri hana.